Uwanja wa Kenya na Uwanja wa Kamalondo: Historia ya Mahali pa Mkusanyiko Lubumbashi

Wanaoandika historia ya Lubumbashi, mji ulioanzishwa mwaka 1910 kwa jina la Elisabethville, wamezoea kuanzia kwenye shaba: mgodi, kiwanda cha kuyeyushia madini, reli, kambi za wafanyakazi. Uwanja wa michezo huja mwishoni, kama burudani baada ya mambo mazito. Mpangilio huo hauutendei haki. Uwanjani ndipo Kampuni, Misheni na Serikali, nguzo tatu za utawala wa Kibelgiji, zilipokubali Waafrika wakusanyike kwa wingi. Na hapo hapo ndipo zilipowaogopa.

Wamisionari Wabenedikto, waliofika Katanga mwaka 1910 wakiongozwa na Jean-Félix de Hemptinne, waliuona mpira kuwa mwalimu wa nidhamu. Union Minière nayo ilikuwa na hesabu yake: mfanyakazi aliye uwanjani siku ya Jumapili hayupo kilabuni kwenye pombe, wala hayupo katika mkutano wa siri. Mwaka 1939 Wabenedikto walianzisha timu ya Saint-Georges. Baadaye iliitwa Saint-Paul, kisha Englebert, kwa jina la kampuni ya Ubelgiji iliyotengeneza matairi, na hatimaye, katika siasa ya Mobutu ya «authenticité», ikaitwa Mazembe. Kutoka kwa mtakatifu hadi kwenye tairi ni safari fupi, lakini inaeleza mengi juu ya ukoloni. Mwaka huohuo wa 1939 ikazaliwa pia Saint-Éloi Lupopo, ambayo hadi leo huitwa timu ya «cheminots», yaani watu wa reli.

Miaka miwili baadaye hesabu ya Kampuni ilivunjika. Vita vilikuwa vimepandisha bei, na mwezi Desemba 1941 wafanyakazi Waafrika wa Union Minière waligoma Elisabethville na Jadotville, ambayo leo ni Likasi, wakidai mshahara wa siku upandishwe kutoka faranga 1.50 hadi 2. Huko Elisabethville wagomaji walikusanyika katika uwanja wa mpira, na msemaji wao alikuwa karani Léonard Mpoyi. Tarehe 9 Desemba gavana Amour Maron alikwenda kuwaamuru warudi kazini. Walikataa, askari wakafyatua risasi. Mpoyi aliuawa, na pamoja naye wanaume, wanawake na watoto. Idadi ya waliokufa inatajwa kwa namna mbalimbali, na baadhi ya waandishi wanafikia 60. Kesho yake kazi ilianza tena. Tukio hili halikutokea uwanjani kwa bahati tu. Katika mji uliowagawa watu kwa rangi, kwa kambi na kwa amri ya kutotembea usiku, hapakuwa na sehemu nyingine pana ambayo mfanyakazi aliweza kuiona kuwa yake.

Tukio hilo lilihifadhiwa hasa katika mazungumzo na katika picha. Mchoraji Tshibumba Kanda Matulu alilichora katika mfululizo wa picha za historia ya nchi aliomfanyia mwanaanthropolojia Johannes Fabian katika miaka ya 1973 na 1974, na alieleza picha zake kwa Kiswahili cha Lubumbashi. Kwa mwanaisimu jambo hili si dogo. Lugha ambayo shule iliidharau ndiyo iliyobeba ushahidi, kama ilivyokuwa katika kitabu cha André Yav cha mwaka 1965, historia ya mji iliyotungwa kwa niaba ya watumishi wa nyumbani.

Sasa tuyatazame majina. Uwanja mkubwa wa mji, ulio katika komini ya Kenya na unaotajwa kuwa na nafasi ya watazamaji 35,000, uliwahi kuitwa Stade Mobutu. Siku hizi unaitwa Stade Frédéric Kibassa Maliba, na Kibassa Maliba ni mmoja wa wabunge 13 waliomwandikia Mobutu barua ya wazi mwaka 1980, kisha wakaanzisha chama cha UDPS mwaka 1982. Jina la mtawala limefutwa kwa jina la mpinzani wake! Kinshasa mambo yalikwenda vivyo hivyo: Stade Roi Baudouin, ambao mashabiki wake waliungana na ghasia za tarehe 4 Januari 1959, uligeuka 20 Mai, siku ya chama cha MPR, kisha Tata Raphaël. Huko ndiko Muhammad Ali alikopigana na George Foreman mwaka 1974, na ndiko Franco, Miriam Makeba na James Brown walikoimba wiki chache kabla ya pambano.

Lakini mtu wa Lubumbashi hajali sana vibao hivyo. Yeye husema anaenda «ku Kenya», na anaeleweka. Hapo «ku Kenya», tarehe 31 Oktoba 2010, Mazembe iliifunga Espérance ya Tunis mabao 5 kwa 0 katika fainali ya Afrika, na mwezi Desemba ikawa timu ya kwanza ya bara hili kucheza fainali ya Kombe la Dunia la vilabu, ambapo Inter ya Milano iliishinda 3 kwa 0.

Mwaka 2011 Mazembe ilihamia katika uwanja wake yenyewe huko Kamalondo, wenye nyasi bandia na nafasi zipatazo 18,500. Hapo ilimaliza kazi dhidi ya USM Alger tarehe 8 Novemba 2015. Kwetu ukubwa wa uwanja si neno. Neno ni mwenye uwanja. Moïse Katumbi, rais wa kilabu tangu 1997, alikuwa pia gavana wa Katanga kuanzia 2007. Mwezi Septemba 2015 alijiuzulu na kuingia katika upinzani. Uwanja wa Kenya ni wa umma, na anayetaka kukusanya watu humo, awe mwanamuziki au mwanasiasa, huomba ruhusa kwa serikali. Wa Kamalondo ni wa kilabu, na mwenye kilabu anagombea madaraka na hao hao wanaotoa ruhusa. Tangu Maron, mjini hapa swali la nani afungue lango la uwanja halijawahi kuwa la michezo peke yake.