Magogo ya Nyungu na Vijana wa Mirambo

Mtu atokapo kutazama filamu ya vita, aghalabu husahau mpango wa mapigano na hesabu ya waliokufa, lakini hubaki na maneno mawili matatu: amri ya jemadari, mzaha wa askari handakini, au neno la mwisho la majeruhi. Sisi Watanzania twalijua jambo hilo hata pasipo filamu. Tarehe 2 Novemba 1978 Mwalimu Nyerere alilitangazia taifa kwamba tutampiga Idi Amin, akataja mambo matatu: uwezo, sababu na nia. Maneno hayo hurudiwa leo hata na watu waliozaliwa miaka mingi baada ya vita hivyo. Hata hivyo, hayo ni maneno ya Amiri Jeshi Mkuu. Maneno ya askari mwenyewe, yule aliyetembea kwa miguu mpaka Kampala, ni machache mno masikioni mwetu. Na tukirudi nyuma zaidi, katika nchi ya Urambo na njia ya misafara, ambako hapakuwa na mpiga picha wala redio, tofauti hiyo ya jemadari na askari wake ni kubwa zaidi.

Mtemi Mirambo alizaliwa yapata mwaka 1840, mwana wa Kasanda, mtemi wa Uyowa. Mirambo si jina alilopewa utotoni. Ni jina la vita, na maana yake ni maiti. Mtu wa namna hiyo hana haja ya hotuba ndefu mbele ya boma la adui, kwa kuwa jina humtangulia. Mwaka 1871 aliwashinda Waarabu wa Tabora pamoja na Stanley aliyekuwa upande wao, akamwua mkubwa wao mmoja, Khamis bin Abdullah, na kuuchoma moto sehemu ya mji. Tangu siku hizo njia ya kwenda Ujiji haikupitika bila ya kufikiri Mirambo atasema nini.

Mwezi wa Aprili 1876 Stanley alikutana naye tena, safari hii kwa amani, wakafanya udugu wa damu. Mgeni alitazamia kumwona jambazi mwenye sauti ya radi. Alimkuta mtu mpole, msemaji wa taratibu. Katika mazungumzo yao Mirambo alimweleza jinsi anavyochagua askari: huchukua vijana, wala hapendi watu wa makamo, kwa sababu kijana ana macho makali na viungo vyepesi, tena hana mke wala watoto.

Kauli hiyo ya upole, kwa maoni yangu, yatisha kuliko kelele zote za vita. Mwenye mke na watoto huuliza shamba litalimwa na nani, na mvua zikikaribia hutazama nyumbani. Kijana asiye na mji hana pa kutazama. Waliojiunga na rugaruga walikuwa wa namna hiyo hasa: mateka waliokulia vitani, watumwa waliotoroka, wapagazi walioachwa njiani na misafara. Biashara ya pembe za ndovu ilikuwa imekwisha kuwang'oa makwao kabla Mirambo hajawapa bunduki. Mapambo yao ya manyoya, nguo zao nyekundu na bangi waliyovuta viliwafanya wageni waandike habari zao kwa hofu, lakini katika habari hizo mara chache sana rugaruga mmoja anatajwa kwa jina au kuulizwa neno.

Kusini mwa Tabora, katika Ukimbu, alikuwako jemadari mwingine wa wakati huohuo, Nyungu-ya-Mawe, mtu wa ukoo wa watemi wa Unyanyembe. Jina lake maana yake ni chungu cha mawe, yaani chungu kisichovunjika. Masimulizi ya Ukimbu yanasema kwamba aliwaita askari wake mapimpiti, maana yake magogo, na mapigano yakizidi aliamuru magogo zaidi yatiwe motoni. Yeye ni chungu, vita ni moto, na askari ni kuni. Sidhani kama mtunzi wa filamu angeweza kumwandikia jemadari maneno mafupi kuliko hayo yenye ukweli mwingi kiasi hicho. Jemadari wengi wamewafikiria askari wao hivyo; Nyungu alisema.

Yafaa tujiulize ni nani aliyeyahifadhi maneno hayo. Hayakuhifadhiwa na mwandishi wa Kizungu aliyetaka kumtia Nyungu doa. Yalihifadhiwa midomoni mwa watu wa nchi yenyewe, na bila shaka yalipita kwanza katika midomo ya magogo yaliyosalimika. Huenda walikuwa wakiyasema kwa majivuno, kama askari wa kila nchi wanavyojivunia jina baya walilopewa na mkubwa wao. Au huenda walikuwa wakilalamika kwa namna pekee iliyoruhusiwa.

Mirambo alikufa tarehe 2 Desemba 1884, na Nyungu akafa mwezi huohuo. Nyungu alirithiwa na binti yake Mgalula, na utawala wake ukadumu mpaka Wajerumani walipofika, kwa kuwa alikuwa ameweka wakuu wake mwenyewe katika nchi alizoziteka. Dola ya Mirambo ilisambaratika upesi chini ya Mpandashalo. Wale vijana aliowasifu kwa Stanley, wasio na mke wala shamba, hawakuwa na jambo la kurudia, na nyara zilipopungua wakamtafuta mkubwa mwingine. Punde Wajerumani wakawa na rugaruga wao, waliotumwa mbele ya jeshi kwenda kuchoma vijiji, na waliendelea kutumiwa katika Maji Maji na hata katika vita vya 1914.

Katika jeshi hilo la Wajerumani wakubwa waliitwa kwa maneno ya Kituruki yaliyoletwa na askari wa Kisudani kutoka Misri mwaka 1889: ombasha, shaushi, efendi. Mawili ya kwanza yamekufa. La tatu limebaki kwetu kama afande, na husikika kila asubuhi Tabora, katika kambi iliyopewa jina la Mirambo.