Adui mbele, bwana mkubwa nyuma

Jamani, kuna mzee mmoja wa karne ya 17 amenikaa kichwani wiki nzima. Anaitwa Miklós Zrínyi. Wahungaria wanasema ni wao, Wakroatia nao wanamwita Nikola Zrinski na kusema ni wao.

Alizaliwa 1620 katika ukoo wa makabaila wa mpakani. Upande mmoja Waturuki wa Osmani, upande mwingine mfalme wake wa Habsburg, aliyekaa mbali kule Vienna. Mwaka 1647 akateuliwa kuwa gavana wa Kroatia. Usidhani ni ugavana wa kukaa ofisini! Kwenye mpaka ule hata miaka ya amani watu walivamiana, wakachukuana mateka na mifugo.

Na alikuwa mwandishi pia, ndiyo maana nampenda. Mwaka 1651 alichapisha utenzi wa Kihungaria juu ya baba wa babu yake, aliyekufa 1566 akilinda ngome ya Szigetvár dhidi ya Sultani Suleiman.

Mwaka 1661 akajenga ngome yake kando ya mto Mura. Waturuki wakalalamika, sawa. Lakini na Vienna ilinuna, ikihofia kuchokozwa kwa vita! Vita vikaja 1663 vilevile. Majira ya baridi ya 1664 Zrínyi alipenya ndani ya ardhi ya adui, akachoma daraja la mbao la Osijek, lenye urefu wa kilomita kadhaa, njia kuu ya majeshi ya Sultani.

Juni ile ngome yake ikatekwa, kisha ikabomolewa, jeshi la mfalme likiwa ng'ambo ya mto, linaangalia tu. Agosti 1 jeshi hilohilo likashinda vita Szentgotthárd. Siku tisa baadaye, Vienna ikatia saini amani ya Vasvár na kuwaachia Waturuki ngome walizoteka, kama Várad na Érsekújvár. Yaani umeshinda, halafu unalipa!

Novemba 18 mwaka huohuo Zrínyi akauawa na nguruwe mwitu mawindoni. Wengi hawakuamini kuwa ni nguruwe. Mdogo wake, Petar, alikula njama dhidi ya mfalme, akakatwa kichwa 1671.

Mimi sina ugomvi na yule nguruwe. Kinachoniuma ni ile saini. Anayelala mpakani na anayechora mpaka mezani, nani anajua thamani ya ngome moja?