Vitz ikijazwa fulu tanki inaenda kilomita ngapi? Hesabu ya lita 42

Jibu la haraka kwa aliye na haraka: Toyota Vitz ya kizazi cha pili na cha tatu, yaani zile zilizotoka kuanzia 2005, tanki lake linabeba lita 42. Kwa uendeshaji wa kawaida mjini, fulu tanki inakupa kama kilomita 450 hadi 500. Barabara kuu, ukitulia, inaweza kufika 650 na zaidi.

Lakini usifunge ukurasa kwanza. Kilomita hizo zinahesabiwa mpaka tone la mwisho, na hakuna mtu mwenye akili timamu anayepanga safari ya mpaka tone la mwisho. Kilomita ulizonazo kweli ni pungufu, na hapo ndipo watu wengi wanapolala porini.

Tanki ni lita ngapi hasa?

Vitz ya kwanza kabisa, ile ya 1999 yenye dashibodi ya katikati, ilikuwa na tanki la lita 45. Ilipokuja ya 2005 tanki likapungua hadi 42, na ile ya 2010 ikabaki hapo hapo. Vitz ya haibridi iliyotoka 2017 ina lita 36 tu, lakini usiihurumie, maana inakula kidogo mno.

Ndugu zake hawako mbali. Toyota IST ya kwanza ina lita 45, Passo ya kwanza 40, na Honda Fit ya kwanza 42. Ndiyo maana hesabu za makala hii zinaweza kumsaidia hata mwenye IST au Fit, alimradi abadilishe namba ya tanki na ya ulaji.

Sasa kuna malalamiko maarufu: "Gari yangu ni ya lita 42, wameniwekea 44, sheli wameniibia!" Tulia kwanza. Lita 42 ni ujazo uliotangazwa na kiwanda. Juu yake kuna nafasi iliyoachwa kwa ajili ya mvuke, na kuna shingo ndefu ya bomba kutoka kwenye kifuniko hadi kwenye tanki. Muhudumu akiendelea kubonyeza baada ya pampu kukata, nafasi hizo zote zinajaa. Kwa hiyo lita moja au mbili za ziada si ushahidi wa wizi. Ikizidi hapo na gari halikuwa tupu, una haki ya kuuliza. Pampu huhakikiwa na Wakala wa Vipimo na kubandikwa stika, basi anza kwa kuitazama hiyo stika.

Namba ya Japani na namba ya Mbezi

Ukisoma tangazo la kuuza Vitz ya 2014 yenye injini ya cc 996 na mfumo wa kuzima injini gari likisimama, utaona imeandikwa kilomita 24 kwa lita. Ile ya 1.3 ya mwaka huo huo imeandikwa 25. Zidisha 24 kwa 42 unapata kilomita 1,008. Kwa karatasi, unatoka Dar unafika Mbeya, na chenji inabaki.

Haitokei. Namba hiyo imepimwa kwa kipimo cha Japani kinachoitwa JC08. Gari linawekwa juu ya magurudumu ya mashine ndani ya jengo, linaendeshwa kwa dakika 20 hivi, umbali wa kilomita 8 na kidogo. Kasi ya wastani ni kilomita 24 kwa saa, na ya juu kabisa haizidi 82. AC imezimwa. Hakuna shangazi na mizigo yake siti ya nyuma, hakuna matuta, hakuna mchanga wa Goba. Matangazo ya magari ya zamani zaidi yanatumia kipimo kilichotangulia, 10-15, ambacho kilikuwa kipole zaidi, kwa hiyo namba zake usiziamini hata kidogo.

Kiukweli Vitz ya cc 1,000 iliyotunzwa vizuri hutoa kilomita 10 hadi 13 kwa lita kwenye foleni za mjini, na 16 hadi 19 kwenye lami iliyonyooka. Ya 1.3 haipishani nayo sana. Safari ndefu na mzigo inaweza hata kuwa na nafuu, kwa sababu injini ndogo ikibebeshwa watu watano inabidi ikanyagwe sana.

Toa lita sita kwanza

Hii ndiyo hesabu ya kushika. Kwenye lita 42, toa lita 6. Hizo usizihesabu kama mafuta ya safari. Kwenye magari haya madogo taa ya njano huwaka kwa kawaida zikiwa zimebaki lita 5 hadi 7, na kazi yake ni kukufikisha sheli.

Zinabaki 36. Mjini kwa kilomita 12 kwa lita unapata 432. Safari kwa kilomita 16 unapata 576. Hizo ndizo kilomita zako.

Dar hadi Dodoma ni karibu kilomita 450. Ukijaza baada ya kuvuka foleni ya Kibaha unafika bila wasiwasi. Dar hadi Arusha inazidi 600, hapo lazima usimame njiani hata kama rafiki yako anakwambia yeye hufika bila kuongeza. Dar hadi Mbeya ni zaidi ya 800, na hii tuiongelee kidogo.

Ukitoka Dar na fulu tanki, Morogoro iko kama kilomita 190. Geji itakuwa bado juu ya nusu, na hapo ndipo kishawishi kinapoanza: "Tutajaza mbele." Mbele yako kuna barabara inayokatiza Hifadhi ya Mikumi kwa takriban kilomita 50, mahali ambapo kuishiwa mafuta usiku si hadithi ya kuchekesha. Usishuke kwenda kutafuta kidumu, kuna tembo na simba. Kisha unafika Kitonga, ule mlima wenye kona na malori yanayotambaa. Gia ndogo, AC imewashwa, gari limejaa: kwenye kipande hicho ulaji unaweza kuwa mara mbili ya ule wa tambarare. Ukiongeza Morogoro, unapita Mikumi na kupanda Kitonga bila kutazama geji kila dakika mbili, kisha unaongeza tena Ipogolo, Iringa. Safari ya kurudi ni nafuu zaidi, maana unashuka.

Geji inadanganya, na si bahati mbaya

Umeshaona: unajaza tanki, unatembea kilomita 80, mshale bado uko kwenye F. Unafurahi. Halafu kutoka nusu kwenda robo inakuwa kama mafuta yanamwagika.

Ndani ya tanki kuna boya linaloelea juu ya petroli, limeshikwa na mkono unaopeleka taarifa kwenye dashibodi. Tanki likijaa kabisa, boya limegusa mwisho wake, haliwezi kupanda zaidi, kwa hiyo lita za kwanza zinatumika bila mshale kujua. Pia tanki si boksi la pembe nne. Limekunjwa kunjwa ili likae chini ya siti ya nyuma, sehemu nyingine pana, nyingine nyembamba. Ukiegesha kwenye mteremko boya nalo linaegemea upande, na ndiyo maana asubuhi unaweza kukuta "mafuta yamepungua" bila mtu kunyonya.

Dawa ni odometa ya safari, ile unayoiweka sifuri kwa kubonyeza kitufe. Jaza mpaka pampu ikate yenyewe, weka sifuri. Tembea hadi karibu na robo. Rudi sheli ile ile, jaza tena mpaka ikate. Gawanya kilomita ulizotembea kwa lita zilizoingia. Mfano: umetembea kilomita 372, zimeingia lita 30, basi gari lako linaenda kilomita 12.4 kwa lita. Rudia mara tatu upate wastani. Ukishaijua namba yako, hiyo odometa inakuwa geji ya ukweli kuliko ule mshale.

Na kama umeazima gari na hujui kifuniko cha tanki kiko upande gani, angalia pembeni ya alama ya pampu kwenye dashibodi. Magari mengi yana kimshale kidogo kinachoonyesha upande.

"Niwekee ya elfu kumi"

Hapa ndipo mada inapogusa mfuko. Tuseme lita ni shilingi 3,000 (bei kikomo hutangazwa na EWURA kila Jumatano ya kwanza ya mwezi, kwa hiyo weka bei ya mwezi wako). Elfu kumi inakupa lita 3.3. Kwa kilomita 12 kwa lita, hizo ni kilomita 40. Fulu tanki kutoka kwenye taa ni lita 36, sawa na shilingi 108,000. Si kila mtu anazo siku ya Jumanne, tuelewane.

Tatizo si kununua kidogo kidogo, maana bei ya lita ni ile ile. Tatizo ni kuishi kwenye taa. Pampu ya mafuta ya Vitz imo ndani ya tanki, na petroli inayoizunguka na kupita ndani yake ndiyo inayoipoza. Ukiendesha kila siku na lita 4 au 5, pampu inafanya kazi kwenye joto zaidi. Kwenye kona au mteremko, mafuta yanakimbilia upande mmoja na pampu inavuta hewa, gari linakohoa. Ikifa, bei ya pampu na fundi itakukumbusha zile elfu kumi zote. Madereva wa taksi za mtandaoni wanalijua hili vizuri.

Kuna hoja mbili ambazo husikika sana vijiweni. Ya kwanza, eti mafuta yakiwa chini gari linavuta uchafu wa chini ya tanki. Pampu huvuta kutoka chini siku zote, hata tanki likijaa, na ina chujio, kwa hiyo hoja hiyo ina nguvu ndogo kuliko inavyopewa. Ya pili, eti kujaza kunaongeza uzito na gari linakula zaidi. Lita 20 za petroli zina uzito wa kilo 15 hivi. Ukitaka kupunguza uzito, anza na makorokoro ya kwenye buti.

Ushauri unaowezekana: badala ya kuanza na elfu kumi kwenye taa, siku ukipata hela pandisha mpaka nusu, kisha hizo elfu kumi zako ziwe za kurudishia kutoka robo kwenda juu. Hela unayotumia kwa wiki ni ile ile, ila robo ya chini inabaki akiba.

Kinachokula kilomita zako

Foleni kwanza. Injini ndogo ikiunguruma bila kutembea hula kati ya nusu lita na lita moja kwa saa, na AC inaisogeza juu. Saa moja ya kusimama Ubungo na AC ni kama kilomita 10 zimepotea bila tairi kuzunguka.

Kisha mwendo. Upinzani wa hewa unakua kwa mraba wa kasi: kutoka 80 kwenda 120 unazidi mara mbili. Vitz yenye injini ndogo inaliona hilo haraka. Anayetembea 90 anaweza kupita sheli ambayo wa 120 amesimama kujaza.

Upepo wa matairi uangaliwe kila wiki mbili. Kipimo sahihi kiko kwenye stika ya mlango wa dereva. Chujio la hewa lililojaa vumbi na plagi zilizochoka navyo vinachangia.

Ile habari ya kujaza alfajiri upate mafuta "mazito" haina faida ya maana. Petroli hutanuka kwa karibu asilimia 0.1 kwa kila nyuzi moja ya joto, lakini matanki ya sheli yamezikwa ardhini na joto lake halibadiliki sana kati ya asubuhi na mchana.

Pampu ikikata, basi

Usimruhusu muhudumu azungushe mpaka ifike namba nzuri. Magari haya yana kopo lenye makaa maalumu linalonasa mvuke wa petroli. Ukijaza kupita kiasi, petroli yenyewe inaingia humo na kuliharibu, na taa ya injini inaweza kuwaka.

Na ukiishiwa kabisa? Sogeza gari pembeni, weka pembetatu. Ongeza angalau lita 5, kwa sababu kama gari limeinama lita 1 au 2 zinaweza zisifike kwenye pampu. Washa swichi bila kupiga starta, subiri sekunde tatu, zima, rudia mara tatu au nne ili mfumo ujae presha. Ndipo upige. Kidumu cha petroli usitembee nacho kwenye buti kama akiba: mvuke wake kwenye gari lililofungwa juani unahitaji cheche moja tu.