Hodi Ulimpigia Nani?

Nyamisati, wengi wanaijua kama mahali pa kusubiri boti ya Mafia. Mie naijua kwa sauti ya ngoma iliyotoka nyuma ya ua wa makuti. Wanawali walikuwa wakichezwa humo, na sisi wavulana tulifukuzwa hadi huko kwenye mikoko. Tulisikia, hatukuona.

Miaka mingi baadaye nilirudi na simu. Shangazi akanikuta nimeinyanyua juu ya ua, narekodi. Hakupiga kelele. "Mwanangu, hodi ulimpigia nani?" Nikafuta mbele yake.

Ndo maana nikiitazama As Old As My Tongue, filamu ya mwaka 2006 ya Mwingereza Andy Jones juu ya Bi Kidude, naukumbuka ule ua. Mwanamume, tena mgeni, amefikaje kwa kungwi? Maana Fatuma binti Baraka, binti wa muuza nazi wa Mfagimaringo, Unguja, hakuwa mwimbaji wa taarabu tu. Nyimbo za taarabu alizisikia tangu utotoni kwa Siti binti Saad, yule aliyekwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi santuri. Lakini unyago ulikuwa kazi yake, na msondo ndiyo ngoma yake: ndefu, kaifunga kiunoni kwa kanga, anaipiga kwa viganja akiwa amesimama. (Ukimtajia kijana wa Dar neno msondo atakwambia habari za bendi ile iliyoanza kama NUTA Jazz mwaka 1964. Jina limetoka wapi, hana habari.)

Jibu langu ni kwamba mlango ulifunguliwa kutoka ndani. Ni Bi Kidude mwenyewe aliyeutoa msondo uani akaupandisha jukwaani, na mafunzo ya mwali akayaacha kwa wenyewe. Kamera ilimfuata alikoamua kwenda. Safari za Ulaya hazinisisimui sana. Nampenda akiwa nyumbani, sigara mkononi, akiongea atakavyo, na mpiga picha katulia tu.

Utulivu huo nao una mwisho. Mwaka 2005 alipewa tuzo ya WOMEX. Mwaka 2012 zikaenea habari kwamba ametekwa. Tarehe 17 Aprili 2013 akafariki. Jones alirudi na filamu ya pili, I Shot Bi Kidude, mwaka 2015. Safari hii hakuweza kukaa pembeni. Anauliza, anajihusisha, na mie naona alifanya sawa: uliyemla naye wali huwezi kumtazama kama mpita njia.

Mwaka jana nilimwonyesha shangazi ile ya kwanza, kwenye simu. Uso hakuuangalia kabisa, alikodolea mikono. "Huyu anajua kufunga ngoma," akasema. Kisha akaniambia nipunguze sauti, kuna watoto wa kiume nje.