Filamu ya "Kanoon" na Mizani ya Haki

Kazi ya sanaa hudumu katika kumbukumbu za watu kwa ajili ya swali inalowaachia. Filamu ya Kihindi iitwayo Kanoon, iliyoongozwa na B. R. Chopra na kutolewa mwaka 1960, ni mojawapo ya kazi hizo. Jina lake, lenye maana ya sheria, lina asili moja ya Kiarabu na neno letu "kanuni". Katika nchi ambayo filamu bila nyimbo ilikuwa kama harusi bila ngoma, Chopra hakutia wimbo hata mmoja.

Filamu inaanzia mahakamani. Mtu mmoja anashtakiwa kwa kumwua yule yule ambaye zamani alifungwa miaka mingi kwa madai ya kumwua, kumbe alikuwa hai. Mshtakiwa anaitaka mahakama imrudishie miaka yake. Nani awezaye kuirudisha? Jino la pembe si dawa ya pengo.

Kisha chafuata kisa chenyewe. Kailash, mwanasheria kijana, anakwenda usiku kwa mkopeshaji fedha kwa sababu ya deni la ndugu wa mchumba wake. Huko anamwona mkopeshaji akichomwa kisu, na mchomaji, kwa macho yake, ni Jaji Badri Prasad, baba wa mchumba huyo. Mwizi maskini, Kalia, anaingia baadaye kuiba, naye anakamatwa kuwa ndiye muuaji. Jaji huyo huyo ndiye anayeisikiliza kesi. Kailash akinyamaza, asiye na hatia atanyongwa. Akisema, ataibomoa nyumba anayotaka kuoa. Anasema. Hatimaye yabainika kuwa muuaji ni mtu mwingine, aliyefanana mno na jaji.

Hapa ndipo penye uzito. Shahidi alikuwa mkweli na jasiri, lakini alikosea. Na ushahidi wake ungeweza kumnyonga mtu.

India yenyewe ilikuwa ikilipima jambo hilo. Hadi mwaka 1955, jaji asiyetoa adhabu ya kifo kwa kosa la kuua alilazimika kueleza sababu; mwaka huo sharti hilo likafutwa. Sheria ya mwaka 1973 ikaugeuza mzigo: atoaye adhabu hiyo ndiye aeleze sababu maalumu. Mwaka 1980 Mahakama ya Juu ikaamua kwamba itolewe katika kesi za nadra kabisa.

Sheria huandikwa na wanadamu, nao huona kwa macho ya kibinadamu. Basi mwenye kushika mizani na aogope hukumu isiyoweza kutenguliwa.