Shamba la koko na nyumba ya yaya: historia fupi ya deni la miaka 30



Mwezi uliopita yaya yangu, ambaye yuko Marekani tangu miaka nane, alinitumia picha za makaratasi ya banki kwa simu. Anataka kununua nyumba. Banki inamkopesha dola 200,000 kwa riba ya 6% kwa mwaka, alipe kwa miaka 30. Kiisha akanitumia sauti: «Mudogo wangu, banki imenikubalia. Kila mwezi 1,199 tu. Ya kupanga minalipaka 1,300! Angalia ile mahesabu mbele nisaini, weye njo ulisoma.»

Nilisoma agronomia, sikusoma mambo ya banki. Lakini mu fakilte tulifundishwa kwamba bei ya shamba haiko paka ile unalipa siku ya kununua. Unahesabu mbegu, mikono, mbolea na udongo unaochoka, mpaka msimu wa mwisho. Nikakaa na kalkilatrisi usiku mmoja. Nilipomaliza, kitu cha kwanza kilichokuja mu kichwa yangu ni shamba la koko.

Wengi wetu tuliotoka vijijini tunajua hii desturi. Mimi nilikuwa mu mwaka wa tatu wa sekondari, minervali ilikosekana. Koko alikuwa na shamba moja nzuri chini ya kilima, karibu na maji. Akaliweka rehani kwa mwanaume mmoja wa kijiji. Yule alitoa feza, akachukua shamba, akalima maharagwe na mahindi. Mapatano yalikuwa rahisi: siku mtarudisha feza yote, mtarudishiwa shamba. Misimu ikapita, miwili kila mwaka. Siku moja koko alisimama kwenye mutaro, akaangalia wanawake wakipakia magunia, akasema: «Ule mutu anavuna, anavuna, lakini deni yangu haipunguke.»

Sikujua siku ile kwamba koko alikuwa anarudilia malalamiko ya zaidi ya miaka 800.

Neno ambalo Waingereza na Wamarekani wanatumia kwa mkopo wa nyumba, «mortgage», walilitoa mu Kifaransa cha zamani: mort gage, rehani iliyokufa. Mu kitabu cha sheria cha Uingereza cha karibu mwaka 1188, kinachoitwa kwa jina la Glanvill, aina mbili za rehani zinatenganishwa. Kama mwenye kukopesha anachukua shamba, na mavuno yake yanahesabiwa kupunguza deni, ile ni rehani nzuri. Watu wa wakati ule waliiita vif gage, rehani hai. Kama anachukua mavuno na deni linabaki vile lilikuwa, ile ni mort gage. Mahakama ya mfalme haikuikataza, lakini kitabu kinaihesabu kuwa aina ya riba ya aibu. Mbele ya pale, mwaka 1163, mtaguso wa kanisa uliokutana Tours, Ufaransa, ulikuwa umekataza watumishi wa kanisa kufanya vile. Maana yake walikuwa wanaifanya! Monasteri zilikuwa na feza, watu wenye mashamba walikuwa na shida.

Kwa hiyo ulizo la kumuuliza mwenye kukopesha ni la zamani sana: mavuno yangu yanakwenda wapi? Yanapunguza deni, ao yanakulisha weye tu?

Sasa turudilie makaratasi ya yaya. Mavuno yake ni mshahara wa kiwanda. Kila mwezi banki inahesabu riba juu ya deni linalobaki. Mwezi wa kwanza deni ni 200,000, riba ya 6% ya mwaka ukiigawanya kwa miezi 12 ni dola 1,000. Yaya analipa 1,199. Dola 1,000 zinakwenda kwa riba, 199 tu ndizo zinagusa deni lenyewe. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo sana, basi riba nayo inapungua kidogo sana. Inaendelea vile.

Angalieni hizi hesabu kwa utaratibu. Kisha miaka mitano yaya atakuwa amelipa karibu dola 72,000, lakini deni litakuwa limepungua kwa 13,900 hivi. Kisha miaka kumi atakuwa amelipa karibu 144,000, na bado atadaiwa zaidi ya 167,000. Nusu ya deni, yaani 100,000, ataifikia mu mwaka wa 21. Akimaliza miaka yote 30 atakuwa ametoa karibu 431,700. Nyumba moja kaikopea, mbili na zaidi kalipa.

Hakuna wizi hapa. Ni hesabu, na imeandikwa mu makaratasi. Deni linapungua kweli, kwa hiyo sheria ingeiita rehani hai. Lakini miaka ya kwanza inafanana sana na lile shamba la koko.

Niliuliza: nani alitunga huu mkopo wa miaka 30? Wanaagronomia wenzangu, jibu litawapendeza, juu historia hii inapitia kwa wakulima.

Ufaransa mwaka 1852 ilianzisha Crédit foncier, banki ya kukopesha juu ya ardhi kwa muda mrefu, mkopaji akilipa kila mwaka kiasi kimoja chenye riba na sehemu ya deni pamoja. Ile njo tunaita amortissement. Neno lenyewe linabeba kifo: kuua deni polepole. Wamarekani walituma watu Ulaya kujifunza, na tarehe 17 Julai 1916 rais Woodrow Wilson alisaini sheria ya mikopo ya mashamba. Banki mpya za ardhi ziliruhusiwa kukopesha wakulima kwa miaka 5 mpaka 40, kwa riba isiyopita 6%. Sababu ilikuwa wazi: mkulima anayepanda miti ya matunda hawezi kulipa deni lote kisha miaka mitatu, miti ikiwa ingali inaota. Muda wa deni ulifuata muda wa shamba.

Watu wa mijini walichelewa. Mu miaka ya 1920 Mmarekani wa kawaida aliyenunua nyumba alikopa nusu ya bei hivi, kwa miaka mitatu mpaka mitano. Mara nyingi alilipa riba tu, na siku ya mwisho banki ilidai kapitali yote kwa mara moja. Hakuwa nayo. Alikwenda kuomba mkopo mwingine wa kulipa ule wa kwanza. Ile ilikuwa mort gage kabisa: unalipa, unalipa, deni liko palepale. Kisha shida kubwa ya 1929 banki zenyewe zilikosa feza, zikakataa kurudilia mikopo, na familia nyingi sana zikafukuzwa mu nyumba zao.

Mwaka 1933 serikali ya Roosevelt ilianzisha shirika la kununua yale madeni mabaya na kuyageuza kuwa ya miaka 15, ya kulipwa kidogo kidogo kila mwezi mpaka yaishe. Nyumba karibu milioni moja ziliingia mu mpango huo. Mwaka 1934 ukaja ofisi nyingine, FHA, ya kudhamini mikopo ya miaka 20. Mwaka 1938 muda ukafika 25, na mwaka 1948 ukafika 30. Tusisahau pia kwamba mlango huu haukufunguliwa kwa wote. Ofisi hiyohiyo ilikataa kudhamini mikopo mu mitaa ya watu weusi, na ubaguzi wa namna hiyo ulikatazwa kwa sheria mwaka 1968 tu. Watu weusi kama yaya wangenyimwa hata hii karatasi ambayo leo tunaigombeza.

Kwa hiyo mkopo mrefu ulikuja kama dawa, na uliponya watu wengi. Lakini kila dawa ina kipimo. Kila mara muda uliporefushwa, malipo ya mwezi yalipungua kidogo na bei ya jumla ilipanda sana. Chukueni deni lilelile la yaya, riba ileile ya 6%:

Kwa miaka 15: 1,688 kila mwezi, jumla karibu 303,800.
Kwa miaka 20: 1,433 kila mwezi, jumla karibu 343,900.
Kwa miaka 30: 1,199 kila mwezi, jumla karibu 431,700.
Kwa miaka 40: 1,100 kila mwezi, jumla karibu 528,200.

Tazameni ile mistari miwili ya mwisho. Kutoka 30 mpaka 40 unapunguziwa dola 99 kwa mwezi, unaongezewa zaidi ya 96,000 kwa jumla. Anayeangalia paka mwezi anaona faida. Anayeangalia mpaka msimu wa mwisho anaona hasara. Na riba yenyewe inategemea mwaka uliozaliwa: Wamarekani waliokopa mwanzo wa 2021 walipata chini ya 3%, waliokopa mwezi wa kumi 1981 walilipa zaidi ya 18%.

Kuna mwenzangu wa promosheni aliyenipinga vizuri: «Unasahau kwamba dola ya mwaka wa 30 haitakuwa na nguvu ya dola ya leo. Mwenye kukopa kwa muda mrefu anasaidiwa na kupanda kwa bei.» Ana haki, na sisi Wakongomani tunapaswa kuielewa kuliko wengine. Mwaka 1993 zaire mpya moja ilichukua nafasi ya zaire za zamani milioni 3. Mwaka 1998 franga moja ya Kongo ikachukua nafasi ya zaire mpya 100,000. Pigeni hesabu: deni la zaire za zamani bilioni 300 liligeuka franga moja! Mdaiwa alicheka, mwenye kukopesha alilia. Ule moto haujasahaulika. Banki zetu zinapenda kukopesha mu dola na kwa muda mfupi, na mtu mwenye mshahara wa kawaida anajenga tofali kwa tofali. Mkopo mrefu unaomba feza inayotulia na sheria inayoaminika. Kukosa deni la miaka 30 nako kuna bei yake: wengi wetu tutazeeka mu nyumba za kupanga.

Kwa hiyo sikumwambia yaya asisaini. Atalala mu nyumba ile, watoto watakuwa na anwani moja. Lakini nilimwambia mambo matatu.

La kwanza: usilinganishe 1,199 na 1,300 ya kupanga. Ile 1,199 ni ya banki peke yake. Ongeza kodi ya nyumba ya kila mwaka, asiransi, na paa siku litavuja. Kwa mpangaji, paa ni shida ya mwenye nyumba. Kwako, ni yako.

La pili: uliza kama unaruhusiwa kulipa zaidi bila adhabu, na kama ile nyongeza itakwenda moja kwa moja kwa kapitali. Ukiongeza dola 200 kila mwezi, deni linaisha mu miaka 21 hivi pahali pa 30, na unaokoa karibu 80,000. Ile 200 ya mwaka wa kwanza ina nguvu sana, juu inakata riba ya miaka yote inayofuata. Ni kama kupalilia mapema: jasho ni lilelile, lakini magugu hayajazaa mbegu.

La tatu: usihame upesi. Ukiuza kisha miaka mitano, umelipa 72,000 na umepunguza deni kwa chini ya 14,000. Umevunia mtu mwingine.

Na shamba la koko? Nilipofika mu mwaka wa pili wa chuo, mama na mimi tulikwenda kumuona yule mwanaume, pamoja na wazee wawili. Nilikuwa nimeandika mu daftari misimu yote na magunia kwa makadirio. Hatukumshitaki. Tuliomba tu mavuno ya misimu ijayo yahesabiwe. Alikataa mara ya kwanza, kiisha wazee wakamwambia: «Weye pia uko na wajukuu.» Akakubali nusu. Misimu mitatu kisha pale, tulimaliza deni, shamba likarudi.

Lilirudi limechoka. Miaka yote ile hakuna aliyeweka mbolea, juu aliyelima hakuwa mwenye shamba, na mwenye shamba hakuwa na ruhusa ya kulima. Ilituomba miaka minne ya samadi na kupumzisha udongo mbele maharagwe yarudilie vile yalikuwa. Ile gharama haikuandikwa popote mu mapatano.

Yaya alisaini wiki iliyopita, kwa miaka 30, na aliandika nyongeza ya dola 150 kila mwezi. 200 alishindwa, ana watoto wanne. Alinitumia sauti nyingine: «Koko angekuwa hai, nungemuonyesha ile karatasi.» Koko hakujua kusoma, lakini ninaamini angeuliza ulizo moja tu, lile la mutaroni.

 Wale wenye deni, fungueni makaratasi leo jioni, mtafute ule mstari wa kapitali.