Gazeti la Mlimani na Gazeti la Mji Mkuu: Magazeti ya Tanzania Yakitazamwa Kutoka Suji

Waandishi wa historia ya magazeti katika nchi yetu wamezoea kuyagawa mafungu matatu: magazeti ya nchi nzima, magazeti ya mji mkuu, na magazeti ya wilaya. Mgawanyo huu wafaa, lakini aghalabu hutazamwa kutoka Dar es Salaam, ambako mitambo mingi ya kupigia chapa imekaa. Katika insha hii twataka kuutazama kutoka upande wa pili, yaani kutoka Suji, katika milima ya Upare ya kusini, Wilaya ya Same. Tutajaribu kuonyesha kwamba gazeti la wilaya, ijapokuwa lilikuwa dogo na maisha yake mafupi, lilikuwa na kazi ambayo magazeti makubwa hayakuweza kuifanya, kwa historia na kwa lugha vilevile; na kwamba kupotea kwa nakala zake ni hasara ya Kiswahili chenyewe, wala si ya Wapare peke yao.

Suji iko mlimani, juu ya Makanya, na lugha ya nyumbani huko ni Chasu, yaani Kipare. Wamisionari Waadventista kutoka Ujerumani walifika Upare mwaka 1903, wakaanza kazi Giti, na baadaye wakajenga kituo Suji. Mmoja wao, Ernst Kotz, alitoa sarufi ya Chasu mwaka 1909. Katika miaka hiyohiyo reli ilikuwa ikijengwa kutoka Tanga: ilifika Mombo mwaka 1905, na kufika mwaka 1912 ilikwisha kufikishwa Moshi, ikipita Makanya. Kwa hiyo karatasi iliyopigwa chapa Tanga iliweza kuletwa na gari la moshi hata chini ya mlima. Iliyobaki ilikuwa kazi ya miguu.

Na Tanga wakati ule ulikuwa mji wa magazeti. Walowezi walikuwa na lao la Kijerumani, Usambara-Post. Shule ya serikali ilitoa Kiongozi kwa Kiswahili, gazeti lililoendelea hata mwaka 1916, vita vilipolikomesha. Nyuma yake palikuwa na magazeti ya misheni ya UMCA: Msimulizi, lililoanza Kiungani, Unguja, mwaka 1888, na Habari za Mwezi, lililotolewa Magila katika miaka ya 1890. Magazeti hayo yalijazwa kwa sehemu kubwa na barua za walimu kutoka vituoni. Tangu mwanzo, basi, kanuni ilikuwa dhahiri: gazeti linalotoka mbali haliwezi kuishi bila mwandishi aliye karibu na jambo analolisimulia.

Chini ya Waingereza gazeti la nchi nzima lilikuwa Mambo Leo, lililoanzishwa na Idara ya Elimu mwaka 1923. Sifa zake hazina haja ya kurudiwa mbele ya wasomaji wa jarida hili. Lilisaidia kueneza Kiswahili Sanifu kabla na baada ya kuundwa Kamati ya Lugha mwaka 1930, na katika kurasa zake Shaaban Robert alijulikana kwa mashairi yake. Mwaka huo wa 1930 lilianza Tanganyika Standard, gazeti la Kiingereza la Dar es Salaam. Na mwaka 1937 Erica Fiah, mtu wa Uganda aliyeishi mjini humo, alianzisha Kwetu, gazeti la Mwafrika lililothubutu kusema mengi. Hata hivyo Kwetu lilikuwa na macho ya mji, na Mambo Leo lilikuwa na ulimi wa serikali.

Upungufu wa hali hiyo ulidhihirika katika jambo la mbiru. Mbiru ni neno la Chasu, nalo ni jina la ushuru wa zamani. Serikali ya wilaya ililichukua jina hilo wakati wa Vita vya Pili ikaipa kodi mpya, iliyopimwa kwa mali ya kila mtu. Watu waliikataa. Januari 1945 walipa kodi wa Upare waliteremka Same kwa maelfu, wakakaa wakidai kusikilizwa, na ubishi ule ukaendelea mpaka kodi hiyo ikaachwa. Profesa Isaria Kimambo, mwenyewe mtu wa Upare, aliuandika mkasa huu katika kitabu kilichotoka mwaka 1971. Linalotuhusu hapa ni hili: watu hao hawakuwa na gazeti lao la kutolea hoja. Gazeti la serikali halikuwa mahali pa kuishitaki serikali, na gazeti la mji lilikuwa mbali. Basi walisema kwa miguu yao.

Baada ya vita, hasa katika miaka ya 1950, magazeti ya wilaya yalichipuka katika sehemu nyingi za Tanganyika. Huko Moshi lilitoka Komkya mwaka 1953, jina la Kichaga lenye maana ya ‘kumekucha’. Upare nao ulikuwa na lake, Habari za Upare. Haifai kuyasifu magazeti haya kupita kiasi. Yalitolewa chini ya macho ya mabwana wakubwa wa wilaya na mabaraza yao, wala hayakuwa huru kunena kila neno. Lakini yalikuwa na jambo moja ambalo magazeti makubwa hayakuwa nalo: msomaji wake aliweza kuyahakiki. Mtu wa Suji akisoma habari ya mfereji au ya shule iliyo ng’ambo ya bonde, aliweza kwenda kutazama kwa macho yake. Mwandishi anayejua kwamba msomaji wake ni jirani huandika kwa hadhari nyingine.

Tuje sasa kwenye lugha. Ndiva ni bwawa la Wapare la kukusanyia maji ya kumwagilia mashamba. Msaragambo ni kazi ifanywayo na watu wote pamoja. Neno la pili limekwisha ingia katika Kiswahili cha kawaida, la kwanza bado ni la milimani. Je, neno la wilaya huwa neno la Kiswahili siku gani? Kamusi haiwezi kutuambia, kwa maana kamusi hulipokea neno likiwa limekwisha komaa. Gazeti la wilaya laweza kutuambia. Mhariri hulitoa neno mara ya kwanza pamoja na maelezo yake. Baadaye maelezo hupungua. Mwisho neno husimama peke yake, likapatanishwa kisarufi kama maneno mengine. Ushahidi wa namna hii hauwezi kutafutwa katika gazeti la mji mkuu, kwa kuwa mhariri wa huko hukutana na neno ndiva mara chache, naye kila mara huona haja ya kulifasiri, au huliacha akaandika ‘bwawa’.

Wengine watajibu kwamba magazeti ya wilaya yalikuza ukabila, na kwamba kufifia kwake baada ya Uhuru kulifaa. Hoja hii ina uzito wake, kwa maana taifa changa lilihitaji sauti moja, na magazeti ya Mwafrika (1957), Ngurumo (1959) na Uhuru (1961) yaliitoa sauti hiyo kwa nguvu. Lakini na tulitazame jina lenyewe: Habari za Upare ni maneno ya Kiswahili. Gazeti lililojiita hivyo lilikuwa likiufungua Upare kwa kila ajuaye Kiswahili, si kuufungia ndani ya Chasu. Wala serikali huru haikuikana haja hiyo: mwaka 1974, wakati wa kampeni ya kisomo, lilianzishwa Mwanza gazeti la vijijini, Elimu Haina Mwisho.

Tangu mfumo wa vyama vingi uliporudishwa mwaka 1992 magazeti yameongezeka sana, na karibu yote makubwa yanatolewa Dar es Salaam. Milima ya Same huonekana humo hasa inapopatwa na msiba, kama maporomoko ya ardhi ya Goha, Novemba 2009. Siku nyingine, watu wa mlimani husoma habari za mji, bali mji hausomi habari za mlima.

Kwa hiyo twapendekeza kazi moja iliyo katika uwezo wa vyuo vyetu. Nakala za magazeti ya wilaya na zitafutwe, si katika maktaba kubwa tu, bali katika masanduku ya walimu wastaafu, katika shule za kale, na katika vituo vya misheni kama Suji. Zipigwe picha, kisha zirudishwe kwa wenyewe. Mchwa hawangojei mwanahistoria. Na siku tutakapotaka kujua Kiswahili kilijifunza nini kutoka milimani, kurasa hizo ndizo zitakazotujibu, kama zitakuwapo.